Yago Juu ya Kaburi Langu

Lusaka,
mwezi wa Mei

Kwa shemeji yangu Robi,

Naanza na magoti yako, kwa sababu katika barua ya mwaka jana uliyalalamikia ukurasa mzima na safari hii hukuyataja hata kwa neno moja. Ama yamepona ama yamezidi hadi umechoka kuyasema. Niambie ni lipi. Niambie pia kama maji ya zile mvua kubwa yaliingia katika kibanda chako cha mitumba cha siku za soko huko Migori, na kama yule ng'ombe mwekundu alizaa salama. Mimi ni mzima kwa kiasi cha mtu wa umri wangu. Moyo unadunda, ingawa siku hizi unafuata mpangilio wake wenyewe, na daktari amenikataza chumvi, jambo ambalo kwa mtu aliyelelewa kando ya ziwa kwa samaki wa kukausha ni kama kunikataza kwetu.

Barua yako ilifika Jumatatu, pembe moja imelowa. Umeanza kama unavyoanza siku zote, "Kwa marehemu shemeji yangu," nami nikacheka kama ninavyocheka siku zote. Katika ukoo wetu mzima ni wewe peke yako, Mkuria uliyeletwa kwetu na mdogo wangu Ouma, Mungu amrehemu, uliyethubutu kulifanyia mzaha jambo hili. Wajaluo wenzangu wamelinyamazia. Ndiyo maana miaka yote hii nimekuwa nikikuandikia wewe, kwa Kiswahili hiki chetu cha kukutana katikati, kuliko kuwaandikia wale niliozaliwa nao.

Lakini nilipofika ukurasa wa pili kicheko kilinikauka. Niruhusu nikurudishie habari yenyewe jinsi nilivyoielewa, kama nilivyozoea kazini, ili mahali nilipokosea unisahihishe.

Unasema kijana wa jirani, Onyango, alikwenda kisiwani Remba kuvua omena. Dhoruba ikapiga, mtumbwi ukapatikana umepinduka, wenzake wawili wakaokotwa wamekufa. Yeye hajaonekana, si mzima wala maiti, na miezi imepita. Jumapili baada ya kanisa, baba yake mdogo, Obiero, aliingia nyumbani kwetu, akasimama penye kaburi langu, akautazama mti uliomea juu yake. Nimeyasoma mazungumzo yenu hadi nimeyajua kwa moyo:

"Mama Nyangi, mti huu umezaa vizuri."

"Umezaa."

"Nataka tunda moja. Tumzike kijana, boma lipumue."

"Mti si wangu, Obiero. Una mwenyewe."

"Mwenyewe si ndiye huyu aliyelala chini yake?"

"Mwenyewe yuko Lusaka, anakula ugali wa watu."

"Basi muulize. Nyinyi wawili mnaandikiana."

Na kesho yake, unasema, mama wa kijana, Min Onyango, alikuja kwa upande wa jikoni. Hukufanikiwa kumkalisha. Alishika mwimo wa mlango akasema, "Robi, usimpe. Wakishazika tunda, hata mwanangu akirudi watamkimbia. Wewe unajua. Kwenu yupo mmoja." Kisha akaondoka kabla hujamjibu.

Sasa unaniuliza: nimpe, au nisimpe?

Kabla sijakujibu, nataka nikueleze habari ya mti huo kutoka shinani. Ulipoolewa kwetu uliukuta tayari umefika magotini, na naamini hakuna aliyewahi kukaa chini akakusimulia yote. Ouma hakupenda. Alikuwa ndiye aliyelibeba lile tunda.

Kwetu, mtu akipotea majini au vitani na mwili usipatikane, nafasi yake haiachwi wazi. Hutafutwa yago, lile tunda refu, zito kama gogo, linaloning'inia mtini kwa kamba yake, likavikwa shuka, likalazwa, likaliliwa, likazikwa kama mtu. Baada ya hapo mambo ya nyumbani yanaendelea. Wadogo zake wanaweza kujenga, wanaweza kuoa. Lile tunda limekwisha kuwa yeye. Nilikuwa nimelijua hilo tangu utoto, na sikuwahi kuliona kuwa la ajabu hadi liliponihusu.

Wakati huo nilikuwa mwandishi wa nje wa gazeti moja la Nairobi, nikiishi Dar es Salaam. Sitakuficha kwamba niliipenda kazi ile kupita kiasi. Nilikuwa na taipureta ndani ya sanduku la bati, na mahali popote palipokuwa na bendera mpya au vita vipya palikuwa nyumbani kwangu. Baba, ambaye hakujua kusoma, alikata kila habari yangu akaibandika kwenye ukuta wa nyumba yake kwa uji wa unga. Wageni wakija alikuwa akigonga ukuta kwa fimbo: "Huyu ni Zablon akiwa Addis. Huyu ni Zablon akiwa Kinshasa." Alizijua kwa umbo la picha.

Gazeti likanituma kusini, kuandika juu ya wapiganaji wa ng'ambo ya Mto Ruvuma. Tulivuka na malori mawili. Mimi nilikuwa katika lori la mbele, na sanduku langu na koti langu na karatasi zangu zote. Tulipopumzika tumbo likaniendesha, nikaingia vichakani. Nilipokuwa huko nikasikia injini ikiwashwa. Walikuwa wakiimba, wale vijana wapiganaji. Nadhani kila mmoja alidhani niko upande wa pili wa lori. Nikatoka mbio nikiwa nimeshika suruali, nikawaona wakikata kona, na mmoja aliyekaa nyuma kabisa akanipungia mkono akicheka, kana kwamba anasema panda la pili, mzee. Nilikuwa bado na umri wa kuitwa mzee kwa utani tu. Kisha bomu lililofukiwa barabarani likalipuka.

Sitaandika zaidi juu ya hapo. Niliandika juu ya mambo kama yale maisha yangu yote, na habari ile moja sijawahi kuiandika.

Lori la pili liligeuza kwa hofu likarudi lilikotoka, likiniacha. Mwenzangu wa kazi aliyekuwa ndani yake aliliona sanduku langu, akaiona damu, akafika penye simu kabla yangu. Alikuwa mtu mwaminifu, Robi. Aliandika alichokiona. Mimi nilitembea na wanakijiji waliokuwa wakikimbia, nikavuka mto kwa mtumbwi wao, na hatimaye nikafika posta ya Songea, nimevaa shati la kuazima.

Kwenye dirisha la simu za maandishi alikaa mama mmoja mwenye miwani.

"Jina la mtumaji?"

Nikamtajia. Akaiweka kalamu chini.

"Hilo haliwezekani, ndugu."

"Kwa nini?"

"Huyo ni marehemu. Habari yake nimeipitisha mwenyewe, kwa vidole hivi."

"Ndiye mimi."

Alinitazama, akainuka kidogo kitini ili aone chini ya meza. "Vua viatu."

Nikavua. Akachungulia miguu yangu, akaridhika kwamba si kwato. Watu wawili waliokuwa nyuma yangu kwenye foleni walikuwa wamekwisha kutoka nje.

"Haya. Niandike nini?"

"Andika kwamba sikufa."

"Hayo ni mafupi mno, ndugu. Hawataamini. Mwenzako alituma ukurasa mzima. Ongeza maneno."

Nimemkumbuka mama yule mara nyingi kuliko wakuu wote niliowahi kuwahoji. Nilimsikiliza, nikaongeza maneno, nikaeleza kila kitu, hata habari ya tumbo. Nairobi wakaipokea. Lakini habari ya kifo changu ilikwisha kutoka ukurasa wa mbele, na picha yangu niliyopigwa nimevaa tai, na redio ikaisoma katika matangazo ya vifo kwa lugha zote. Masahihisho yalichapwa ndani, chini, chini ya bei za kahawa. Mistari minne. Redio haikuyasoma, kwa sababu redio ilikuwa na saa ya matangazo ya vifo na haikuwa na saa ya kutangaza walio hai.

Ouma alinieleza yaliyobaki. Yago lilikuwa limezikwa tayari wakati gazeti la pili lilipofika. Mwalimu wa shule akamsomea baba ile mistari minne. Baba akalichukua gazeti, akaligeuza mbele na nyuma, akauliza, "Picha yake iko wapi?"

"Hakuna picha, mzee."

"Lile lililosema amekufa lilikuwa na picha. Hili lililosema yu hai halina. Mimi niamini lipi?"

Wala usimcheke. Nilifanya kazi hiyo miaka mingi baadaye, nikapanga kurasa kwa mikono yangu, na nakwambia alikuwa amelisoma gazeti vizuri kuliko sisi tuliolichapa.

Nilipopata likizo nilikwenda nyumbani. Nilikuwa nimewanunulia blanketi. Baba akanisimamisha langoni, upande wa nje wa ua wa mnyaa, akanyoosha fimbo yake kati yetu.

"Usivuke," akasema.

"Baba, ni mimi."

"Nakuona. Ndiyo maana nakwambia usivuke."

Hakuwa na chuki. Aliogopa kwamba nikiingia kabla mambo hayajatengenezwa nitawavuta wengine chini pamoja nami. Wazee wakaitwa. Mmoja akasema nilifukue tunda mimi mwenyewe, nilitupe ziwani, kisha niingie. Wa pili akasema kilicholiliwa hakifukuliwi. Wa tatu akasema nitobolewe tundu jipya nyuma ya ua, nipite humo kama mtoto anayezaliwa, na mbuzi achinjwe. Wakabishana tangu asubuhi hadi ng'ombe wakarudi, wakaondoka bila kukubaliana, na mimi nimekaa juu ya jiwe nje ya kwetu, na mabegi yangu, nikitazama kile kilima kidogo cha udongo mwekundu kilichoandikwa jina langu. Kilikuwa kizuri. Walikuwa wamenizika vizuri.

Walipokwisha kuondoka, mama akatoka na kuon, ugali wetu, na samaki. Baba akageuza mgongo. Mama akavuka lango, akaketi chini mbele yangu. Kichwa chake kilikuwa na nywele. Katika msiba wangu wote alikataa kunyolewa. Aliwaambia wanawake kwamba hawezi kunyoa kwa ajili ya tunda, waje na mwanawe ndipo wembe uje. Walimwona kama mtu aliyeharibikiwa.

Akanisogezea sahani. "Kula," akasema. "Nikuone ukimeza."

Nikala. Hakuniangalia machoni hata kidogo. Aliliangalia koo langu, kila tonge, hadi sahani ikawa tupu. Kisha akaichukua, akasema, "Basi," akaingia ndani, na nikamsikia akiimba jikoni. Mimi nikaenda kulala katika nyumba ya wageni Homa Bay mjini. Wazee walisema watakutana tena baada ya mavuno. Kabla ya mavuno gazeti lilinihamishia Lusaka.

Yaliyofuata unayajua kiasi. Niliandika mambo ambayo wakubwa hawakuyapenda, pasipoti yangu ilipokwisha ubalozi ukakataa kuiandika upya, gazeti la Nairobi likaniacha ili lipone. Nikawa mhariri wa gazeti dogo la hapa. Mama alipokufa sikuja, kwa sababu mbili, moja ya serikali na moja ya wazee, na sijui hadi leo ipi ilikuwa nzito zaidi. Ouma aliniandikia kwamba walimzika karibu na yago, na kwamba yago lilikuwa limeota.

Katika chumba changu cha habari niliweka sheria moja ambayo sikukubali ivunjwe. Hatumtangazi mtu kuwa amekufa hadi watu wawili waliouona mwili waseme. Si begi, si koti, si kiatu. Vijana walinipa jina. Nikiingia nilisikia, "Nyamazeni, Mzee Mashahidi Wawili amefika." Mmoja aliwahi kuniuliza, "Na akioza, mzee?" Nikamjibu, "Ataoza akiwa hai kwenye gazeti langu."

Niliona fahari. Kisha basi moja likatumbukia mtoni. Tulikuwa na majina, na jina moja lilikuwa na shahidi mmoja tu. Gazeti lingine likalichapa. Mimi nikaliacha. Kesho yake mwanamke mmoja akaingia ofisini kwangu bila kubisha, mtoto mgongoni, magazeti mawili mkononi.

"Ni wewe mhariri?"

"Ni mimi, mama."

"Lile lilisema mume wangu amekufa. Lako halikumtaja. Nikaliamini lako." Aliyaweka yote mawili mezani kwangu, taratibu, kana kwamba yatavunjika. "Nikawakataza ndugu zake wasilie ndani ya nyumba yangu. Nikampikia. Jioni wakaniletea."

Nikamvutia kiti. Hakuketi.

"Siku nyingine," akasema, "andika tu."

Kwa hiyo, shemeji, usidhani nakujibu kwa wepesi. Nimekaa na swali lako tangu Jumatatu, na kila upande una mtu amesimama. Huku yuko mama yangu na sahani yake. Kule yuko mwanamke yule na mtoto wake mgongoni. Najua kungoja kunavyoweza kumla mtu. Najua pia Obiero si mtu mbaya. Mdogo wake Onyango ana mchumba, na hawezi kujenga wala kuoa wakati nafasi ya kaka yake iko wazi. Msichana hatangoja milele. Obiero anataka boma la marehemu ndugu yake lisife. Ningekuwa yeye, huenda ningesimama chini ya mti uleule nikiyahesabu matunda.

Nje ya lango ninapoishi upo mti kama huo. Hapa wanauita mvunguti, na hawauogopi. Mama mwenye nyumba, Bi. Banda, huniona nikiuzunguka kwa mbali kila nikienda dukani, na siku moja akanicheka, akiniita babu kwa lugha yao: "Ambuya, unaogopa utakuangukia kichwani?" Nilimwambia ndiyo. Maua yake hufunguka jua likizama, mekundu ya kuiva sana, na asubuhi yako chini yote, yananuka. Nimeishi miaka hii yote nikiyakanyaga. Wakati mwingine nikipita huwasikia wale vijana wa lori wakiimba. Si ndoto, wala sijachanganyikiwa. Ni sauti tu, kama redio ya nyumba ya jirani. Tangu ule mti wa nyumbani uanze kuzaa, kama ulivyoniandikia, nimekuwa nikijiuliza ninazaa nini kule chini.

Sasa nikuambie kilichonifanya nishike kalamu. Mwisho kabisa wa barua yako, baada ya salamu, umeandika kama jambo dogo kwamba mchuuzi mmoja anayenunua nguo kwako, wa kwenye machimbo ya dhahabu ya Masara, alikuambia kuna kijana mgeni mashimoni, anayezungumza kama watu wa ziwani, ana kovu la ndoana juu ya jicho, na akiulizwa kwao hutupa sururu akaondoka. Robi, wewe umefanya walichokuwa wakifanya waandishi wangu wachanga. Umeiweka habari kubwa mwishoni.

Unauliza, kama ni yeye, kwa nini asirudi? Masara si mbali. Hapo naweza kukujibu kuliko mtu yeyote. Watatu walitoka na mtumbwi mmoja. Wawili wamekufa. Akirudi, mama za wale wawili watamtazama. Hawatasema neno, watamtazama tu. Mimi nina pasipoti mpya tangu siasa za huko zilipolegea, na hadi leo haijagongwa muhuri hata mmoja. Nimewaambia watu ni moyo, ni nauli, ni wazee hawajaamua. Lakini wazee wale watatu wote wamekwisha kufa, shemeji, na bado sijaja. Mtu aliyepungiwa mkono na wenzake, kisha wakaenda bila yeye, haoni haraka ya kurudi mahali pa kuulizwa wewe ulikuwa wapi.

Huenda si yeye. Makovu ni mengi. Huyo mchuuzi ni shahidi mmoja, tena hajui jina. Sitaki umpe Min Onyango tumaini ambalo jioni litaletwa limefunikwa shuka. Kwa hiyo nakuomba ufanye hivi. Nenda Masara mwenyewe kwanza, na nguo zako za kuuza, kama magoti yatakubali. Umwone. Wewe ulimjua tangu akitambaa. Kama si yeye, nyamaza, na mama asijue kwamba ulikwenda. Kama ni yeye, usimwite jina mbele ya watu. Rudi umchukue mama yake, apike, aende na sahani. Asimuulize ziwani kulitokea nini. Akae chini mbele yake, amwone akimeza. Mengine yatafuata.

Na Obiero, mwambie mwenye mti amesema hapana. Akibisha, mwambie marehemu amekataa, na kwamba sisi wawili tunaandikiana, kama alivyosema. Mwambie aningoje, nitamjibu mwenyewe.

Ndiyo, umesoma sawasawa. Nimekata shauri nikiwa naandika ukurasa huu, na nimelikata kabla sijapata nafasi ya kulihariri. Nitapanda treni hadi Mbeya, kisha mabasi hadi Mwanza, nivuke mpaka Isebania, niingie kwa upande wenu wa Wakuria ambako hakuna aliyewahi kunizika. Nisubiri Migori. Tutakwenda Homa Bay pamoja. Kijana yule awe amepatikana au la, nataka Obiero asimame chini ya mti huo aniombe tunda uso kwa uso, na nataka mdogo wake Onyango awepo, aone mtu aliyezikwa anavyofanana. Akitaka kutazama miguu yangu nitavua viatu. Nimewahi kuvua. Habari niliyoituma kwa maandishi ilipewa mistari minne chini ya bei za kahawa, kwa hiyo safari hii nitaipeleka kwa miguu.

Nisalimie mwanangu Nyangi, binti yenu, na umwambie vitabu alivyoomba ninavyo. Nisalimie shangazi yangu kipofu, ambaye najua atauliza kama nimenenepa. Nisalimie mwalimu mstaafu aliyemsomea baba lile gazeti, kama bado yupo, na umwambie hakukosea kusoma. Min Onyango usimpe salamu zangu bado. Nitampa mwenyewe.

Jambo moja tu nakuomba. Sijui wazee wa sasa watasema nini. Wakitaka nipite lango kuu, nitapita. Wakitaka nitobolewe tundu nyuma kama mtoto, nitatambaa, ingawa magoti yangu ni ndugu wa magoti yako. Na wakikataa yote, nitakaa juu ya jiwe langu pale nje, nalikumbuka. Pika samaki, utie chumvi, daktari wangu yuko mbali. Vuka lango na sahani uketi mbele yangu mchana kweupe. Kwa habari yangu mimi, mama alikuwa shahidi mmoja, na sheria yangu unaijua.

Uwe wa pili.

Shemeji yako,
Zablon